Bwana Ndoo na Diski Niliyoifuta Mwenyewe

Kazungu alinipigia simu akaniambia niandike kurasa chache kuhusu miaka yangu ya kazi, ziwape moyo mafundi wapya. "Andika ulivyoanza, Mzee Karisa, ulivyojifunza, na vituko viwili vitatu watu wacheke." Kazungu ndiye mkubwa wa duka letu hapa Malindi tangu mimi nilipoacha kazi kwa sababu ya macho, mtoto wa jicho kulia na kushoto. Ni fundi hodari, nilimfundisha mwenyewe, na katika haya nitakayoyaandika atajiona. Asinune. Mimi pia nimo, na mimi ndiye mbaya zaidi.

Shule yangu iliishia darasa la nne kule Adu, kwa hiyo herufi zikiyumba msishangae. Na vya kuwachekesha sina vingi. Nimekaa nyumbani miezi mitano nikiyapitia mambo, na kila nikiyapitia nakasirika upya. Nani alipandishwa, nani alilipwa nini, hayo simo. Nitasema ya kazi.

Nilianza kwa Fundi Shee, Mungu amrehemu, mzee wa Kibajuni aliyekuwa akitengeneza redio katika kichumba nyuma ya msikiti. Nilikuja kutoka Adu na viatu vya tairi na Kigiriama changu, nikasema "Shikamoo," akanijibu "Marahaba," kisha akanipa mswaki. Nilidhani ananitania meno. Kumbe mswaki ni wa kusugulia redio ndani. Wiki mbili nzima nilisugua. Nikamwuliza, "Fundi, chuma cha kulehemu nitashika lini?" Akasema, "Ukishajua chumvi inakaa wapi." Na kweli, hapa pwani adui wa kwanza wa chombo chochote ni chumvi. Inaingia na upepo, inakaa kwenye miguu ya vipuri, inageuka kijani, inakula kidogo kidogo. Ninyi mwafungua kompyuta mwakimbilia kubadilisha vitu. Sugueni kwanza!

Jambo moja la Fundi Shee lilikuwa likiniudhi sana. Mteja akija na redio, mimi nishashika bisibisi, yeye anamwambia mteja, "Kaa. Nisikilizishe." Basi wanakaa wawili, wanasikiliza ubovu wa redio kama watu wanaosikiliza taarifa ya habari. Mimi nangoja. Siku moja alikwenda mazikoni, akaja mzee wa Mambrui na redio ya mawe manne, inakwaruza. Sikumkalisha mtu. Nikaifungua, nikasugua, nikabadilisha spika, nikalilainisha lile gurudumu la kutafutia stesheni lililokuwa limeganda. Ikawa inashika kila kitu, mpaka nchi za watu. Mzee akaondoka nayo, na kesho yake akarudi na ghadhabu. Lile gurudumu aliligandisha yeye mwenyewe, kwa gundi! Macho yake yalikuwa hayaoni, na alikuwa na stesheni moja tu aliyoitaka, asubuhi na jioni. Mimi nimemlainishia, mjukuu ameligusa, stesheni imepotea. Fundi Shee alinizaba kofi mbele ya mteja. Akasema, "Huyu hakutaka redio nzima. Alitaka stesheni yake." Kofi lile nililistahili, na la pili nililostahili miaka mingi baadaye hakuwapo mtu wa kunipiga.

Redio zikaisha, zikaja televisheni, zikaja kompyuta. Ninyi mwazaliwa mwazikuta. Mimi ya kwanza niliifungua kwa woga, naona vidubwasha kama mji mdogo uliotazamwa kutoka juu. Nilijifunza kwa kuharibu. Hoteli moja ufukweni ilileta sipiyu, lile sanduku la kompyuta, inanuka samaki aliyeoza, mafundi watatu wameshindwa, wanasema ni umeme mdogo. Nilifungua kisanduku cha umeme nikakuta mjusi kafiri amekaangwa amekuwa kama biskuti, na mayai mawili mazima pembeni. Mkisikia harufu, tafuteni mjusi kabla hamjataja umeme. Haya, Kazungu, hicho ndicho kituko chako cha kuchekesha. Kimekwisha.

Sasa nije kwenye dhambi yetu.

Msomaji asiye fundi nimwambie. Duka lolote la kompyuta hapa kwetu, ukileta mashine yako, iwe inazima, iwe polepole, iwe imeingia virusi, dawa ni moja, nayo tunaiita kupiga windo. Maana yake ni kufuta kila kitu kilichomo na kupanda mfumo upya. Saa moja na nusu, mashine inarudi kama mtoto aliyeogeshwa. Mteja anafurahi mpaka afike nyumbani, hapo ndipo anatafuta picha za harusi ya bintiye azikose. Niliyeuleta mchezo huo dukani kwetu ni mimi. Nilichoka kukaa na kusikiliza. Watu wako foleni, jua kali, nani atakaa aambiwe hadithi ya mashine? Piga windo, anayefuata! Na mashine kuukuu ikiletwa kutupwa, desturi ni kuchinja. Mmoja achukue kumbukumbu, mmoja achukue feni, na diski ifutwe papo hapo iwekwe kwenye rafu kwa ajili ya watu wa kamera za ulinzi. Hakuna anayeuliza ilikuwa na nini. Ndivyo nilivyowafundisha, na mlijifunza vizuri mno, laiti mngekuwa wazito kidogo.

Bi Rukia mnamjua. Anakaa Shela, mshonaji wa kofia za viua, zile kofia zenye vitundu vidogo vidogo, kila kitundu kimezungushwa uzi kwa sindano. Kofia moja ni miezi. Mabwana harusi wangapi wa mji huu wamevaa mkono wake! Basi akapatwa na kiharusi. Uso ulirudi, mguu ukarudi, mkono wa kulia ukakataa. Vidole vilijikunja kama miguu ya kaa aliyekufa. Hospitalini mtaalamu wa mazoezi ya viungo alimpa mpira laini awe anaufinya. Bi Rukia akaufinya siku tatu, akampa paka.

Kilichomfungua vidole ni gemu. Nayacheka mwenyewe nikiandika, lakini nilishuhudia. Mwanawe Swaleh aliwahi kuwa na saiba, duka la kukodisha intaneti, hapo zamani, ikafa kama zilivyokufa zote. Mashine nyingine akampa mwalimu mmoja wa Adu kwa ajili ya shule, na moja akaiacha sebuleni kwa mamake, imefunikwa kitambaa cha maua. Ndani yake mlikuwa na gemu kongwe, picha zake za mraba mraba. Kuna nyumba paa linavuja, na kuna bwana mnene mwenye ndoo anakimbia huku na huku akikinga matone. Tone likianguka sakafuni mara tatu, nyumba inajaa maji, bwana anazama. Basi. Hakuna lingine.

Sasa sikilizeni. Bwana yule anaendeshwa kwa vile vitufe vinne vya mishale, na vitufe vya mishale kwenye kibodi viko upande gani? Kulia. Mkono wa kushoto hauvifikii vizuri, ukijaribu kifua kinapinda. Bi Rukia alianza kwa kuchoka kuutazama ukuta, akawasha mashine, akamwona yule bwana anazama, akamhurumia. Akapeleka mkono ule mbovu juu ya kibodi kama anayepeleka furushi. Akabonyeza kwa fundo la kidole. Baadaye kwa ncha. Kila nilipokwenda kumpangusia mashine chumvi, maana ilikuwa mteja wangu wa kudumu, kapasita zake nilizibadilisha zote, nilimkuta anagombana na yule bwana.

"Kulia, mjinga wewe! Kulia! Bwana Ndoo, huna macho?"

"Shikamoo, Bi Rukia."

"Marahaba, Karisa, usinisemeshe, naye ataniulia nyumba."

Miezi minane. Alifika ngazi ya nne, ambapo matone yanakuja mawili mawili. Siku moja alinionyesha sindano ameishika kwa vidole viwili. Hajashona, ameishika tu. Kisha akaniambia, "Ngazi ya sita nitatunga uzi." Akaamini hivyo, na mimi nikaamini.

Swaleh kazi yake ni Kilifi, nyumba yake iko Mnarani, ni mtoto mwema, haupiti mwezi hajaja kumwona mamake. Akaja na kompyuta mpya kabisa, nyembamba, ya kung'aa, amwekee mamake aone wajukuu kwa video. Akaichukua ile kongwe akaileta dukani. "Itupeni hii, imekula nafasi." Bi Rukia alikuwa kwenye hitima ya jirani.

Aliyepokea sipiyu ile ni mimi. Niliijua. Nilikuwa nimeilehemu kwa mikono yangu, na ule mkwaruzo wa ubavuni nilikuwa nimeuweka mwenyewe. Na bado nikachomoa diski, nikaichomeka, nikaifuta, huku nasimulia mambo ya mpira na Kazungu. Mkono ulikwenda peke yake. Sikumwuliza Swaleh hata neno. Nilifuta nikatafuta chai.

Baada ya wiki sita tuktuk ilisimama mlangoni akashuka Bi Rukia na bakora yake, buibui limechafuka vumbi.

"Karisa. Bwana Ndoo yuko wapi?"

Kazungu akacheka. "Bibi, hiyo gemu ya enzi za Nuhu! Mashine yako mpya inabeba kila kitu. Nikuwekee ya kupanga peremende? Wanawake wa Nairobi wanaipenda kweli."

"Mimi nimekwambia nataka kupenda?"

"Au ya magari, Bibi, ukimbie..."

"Nikukimbize wewe. Karisa, nakuuliza wewe, huyu sijamsemesha."

Akauweka mkono wa kulia juu ya meza, kati ya bisibisi na vumbi. Vidole vilikuwa vimerudi ndani. Si kama mwanzo, lakini vimerudi njia ile ile vilikotokea. Nikasema, "Bi Rukia, diski niliifuta mimi." Hakunitukana, na laiti angenitukana. Alisema tu, "Na ulikuwa ukija kwangu," akaingia tena kwenye tuktuk.

Niwaambieni nilikasirika vipi. Nilimkasirikia Kazungu kwa peremende zake. Nilimkasirikia Swaleh kwa kudhani kizuri ni kipya. Niliwakasirikia wale wanaotengeneza mashine hizi kana kwamba hakuna mtu aliyekuwapo duniani kabla ya mwaka huu. Kisha hasira zote zikazunguka zikarudi kwangu zikakaa. Nilikuwa nimebakisha miezi miwili niache kazi. Nikasema siachi kazi kabla Bwana Ndoo hajarudi.

Kwenye mtandao tulitafuta, hatukumwona. Jina la gemu lenyewe hakuna aliyelijua, Bi Rukia alilibatiza tu. Ndipo nikakumbuka zile mashine za saiba zilizokwenda Adu. Nikaenda kwetu. Mwalimu mkuu alinipeleka stoo, akafukuza kuku, na chini ya kuku kulikuwa na sipiyu mbili zimejaa vinyesi. Hazikuwahi kuwashwa. Umeme ulipofika shuleni, waya za ndani hazikuwa zimefungwa, na waya zilipofungwa, vioo vya kompyuta vilikuwa vimeshavunjika. Diski zake zilikuwa nzima vile vile zilivyotoka Malindi. Mnajua kwa nini zilikuwa nzima? Kwa sababu hakuna fundi aliyefika! Kuku amekaa juu yake miaka yote hiyo hakufanya madhara niliyoyafanya mimi kwa dakika ishirini.

Nilimwuliza mwalimu mkuu mara mbili kama naruhusiwa, na mara ya tatu nikamwuliza kama kuna kitu chake ndani. Akaniona nimeanza kuzeeka vibaya. "Mzee Karisa, chukua, na kuku pia ukitaka."

Diski zile ni za utepe mpana wa waya, mashine za sasa hazina mahali pa kuuchomeka, kwa hiyo tunzeni ile waya ya kuunganishia, nimewaachia moja kwenye droo ya chini, mkiipoteza nitakuja na macho yangu haya haya. Nikafungua diski ya kwanza, nikamkuta. Folda nzima ya gemu ni ndogo kuliko picha moja ya simu. Nikainakili mara tatu, mahali patatu, kabla sijagusa kitu kingine chochote. Hilo andikeni ukutani.

Nikaipeleka kwenye kompyuta ya dukani iliyo sawa na ile mpya ya Bi Rukia. Nikabonyeza. Mashine ikaniambia programu hii haiwezi kufanya kazi kwenye kompyuta hii, niwasiliane na aliyeitengeneza. Niwasiliane naye! Huenda ni babu wa watu sasa, yuko kwao anatafuta miwani. Kazungu akasema ngoja, akaenda kwenye ile sehemu ya kuiamuru mashine ijifanye toleo la zamani, akajaribu matoleo yote mpaka la mwisho. Ikakataa. Akanieleza, na hapa nampa haki yake, yeye ndiye aliyesoma. Gemu lile liliandikwa kwa ajili ya mashine za hesabu ndogo, na hizi mpya ni za hesabu kubwa. Zamani mashine kubwa ilikuwa ikiyaelewa maneno ya ndogo, siku hizi wameyaondoa kabisa. Si kwamba limeharibika. Hakuna tena wa kulisikiliza.

"Basi tufanyeje?"

"Kuna programu, Mzee. Inajenga kompyuta ya zamani ndani ya hii mpya, kama kibanda ndani ya ghorofa. Gemu likiingia humo linadhani liko kwao."

Ni programu ya bure, wameitengeneza watu wenye subira, Mungu awape mema. Tukaiweka. Tukaiambia folda iko wapi. Skrini ikawa nyeusi, kisha ikatoa ule mlio mmoja wa filimbi, na nyumba ikatokea na paa lake. Nilipiga kelele dukani kama mwendawazimu. Nikabonyeza kuanza, na kabla sijavuta pumzi, nyumba imejaa, bwana amezama. Nikaanza tena. Amezama. Matone hata huyaoni, ni kama mtu amepindua pipa.

Kazungu anatabasamu. "Nimeiwekea kasi ya mwisho, Mzee. Mashine hii ina nguvu, kwa nini tuibanie?"

Hapo ndipo nilipompandishia sauti, na wateja waliokuwapo watawaambia. Nilimwambia, "Wewe na kasi yako! Nani aliyekutuma kasi?" Maana gemu za zamani nyingine hazina saa. Aliyeliandika alihesabu wakati kwa mapigo ya mashine yenyewe, akadhani kompyuta zote za duniani zitatembea mwendo wa ile ya mezani kwake. Ukilipa mashine yenye mbio, linakimbia mpaka linakufa. Kazungu akaenda akaniletea chai, akaniambia, "Kwa hiyo mwendo wake ni upi, Mzee?" Na hilo ndilo swali la maana alilouliza siku ile. Mwendo wake sikuujua. Hakuna karatasi ulimoandikwa. Uliokuwa ukiujua mwendo ule ni mkono wa Bi Rukia, na mkono umeshaanza kusahau.

Tukaenda kwake, mimi na Kazungu, siku ya Jumamosi mchana. Nilibeba kibodi kongwe, nzito, vitufe vyake virefu kama meno ya ngamia, nimeisugua kwa mswaki na spiriti. Ile iliyokuja na mashine mpya ni bapa, mishale yake imebanwa pembeni midogo kama punje, kidole kinachotetemeka kinabonyeza mitatu kwa pamoja. Ile ya zamani inakataa kidogo kabla ya kushuka. Kukataa kule ndiyo dawa yenyewe.

Swaleh alikuwapo. Alitupokea kwa heshima, akatuletea maji, kisha alipoona ninachokifanya uso ukabadilika.

"Mzee Karisa, nakuheshimu. Lakini hebu tuseme ukweli. Mama yangu ni mtu mzima. Watu wanapita dirishani wanamsikia anagombana na katuni. Nimemnunulia kitu kizuri azungumze na wajukuu, mnamrudishia utoto?"

Nilifungua kinywa nimjibu, na nilichotaka kusema hakiandikiki. Bi Rukia akanizuia kwa bakora. Akaunyoosha mkono wa kulia mbele ya mwanawe.

"Nifungue."

"Mama..."

"Nifungue vidole, Swaleh. We si una kitu kizuri? Nifungue."

Swaleh akaushika mkono wa mamake. Akajaribu kidole cha kwanza, taratibu, kikafika nusu, Bi Rukia akauma meno. Swaleh akaacha. Hakujaribu cha pili. Alikaa ameushika tu, na nadhani mpaka siku ile hakuwahi kuushika tangu augue.

"Yule mjinga mwenye ndoo alivifungua vinne," akasema Bi Rukia. "Miezi minane. Wewe ulimtupa mimi niko kwenye hitima. Na huyu," akanielekeza mimi, "huyu alimchinja."

Swaleh akavuta kiti cha mamake mwenyewe, akakisogeza mbele ya kompyuta.

Nikawasha. Nyumba ikatokea, filimbi ikalia. Bi Rukia akasema, "Ewe maluuni, umenenepa zaidi." Nikaanza kushusha mwendo. Kwenye programu ile unashusha kwa kushika kitufe kimoja cha chini kushoto na kubonyeza kimoja cha juu, na kupandisha ni hivyo hivyo, ila cha juu ni kile cha mwisho kabisa kulia. Nikashusha, nikashusha. Yeye anatazama matone, hatazami mimi. Na niwe mkweli, nilipouona mkono ule juu ya kibodi, unatetemeka, nikashusha zaidi ya ilivyopasa. Nilitaka asizame mara ya kwanza. Tone likawa linatoka darini, linafikiri, ndipo linaanguka.

Akacheza kidogo. Akalikinga la kwanza, la pili, la tatu. Swaleh akasema, "Mashallah, Mama." Bi Rukia akaondoa mkono kwenye kibodi.

"Karisa, hii ni mvua ya wapi?"

"Vipi, Bi Rukia?"

"Ya Adu? Hata Adu hainyeshi hivi. Unanionea huruma?"

Kazungu akaangalia dari. Mimi nikasema, "Hapana, nilikuwa napima tu," nikapeleka mkono nipandishe.

Akanipiga kwenye vidole. "Umeshaniingilia vya kutosha. Nionyeshe kilipo."

Nikamwonyesha kwa mbali. Kile cha chini kushoto akakishika kwa mkono wa kushoto, ule mzima, hapo hapana kazi. Kile cha juu kulia kiko mbali, lazima mkono unyanyuke, uvuke kibodi, na kidole kimoja kitangulie mbele ya wenzake. Mkono ukanyanyuka. Ukaanguka katikati, ukabonyeza vitufe vingine huko. Ukanyanyuka tena. Swaleh akainuka nusu, mimi nikamshika shati. Jasho lilimtoka Bi Rukia kwenye mdomo wa juu, na bwana kwenye skrini anapigwa matone kichwani bila mwenye kumwendesha. Kidole cha shahada kikajitenga na vingine, kidogo, kama mlango uliovimba kwa mvua. Kikafika. Kikabonyeza.

Matone yakaongeza mwendo. Akabonyeza tena, na tena, mpaka akatikisa kichwa kuwa hapo ndipo, huo ndio mwendo wake, na papo hapo tone la tatu likapiga sakafu, nyumba ikajaa maji mpaka juu.

"Amekufa, Mama," akasema Swaleh.

"Na afe," akasema Bi Rukia, kidole bado kiko juu ya kitufe. "Nimepandisha mwenyewe."